SOMO KWA WANANCHI: NAMBA YAKO YA KODI NA YA HIFADHI YA JAMII, NA WAJIBU WA KUITUNZA



Somo la toleo hili linahusu namba anazopewa mtu kwa ajili ya kulipa kodi na kuchangia hifadhi ya jamii. Wengi wetu tunazo namba hizo, lakini ni wachache wanaozijua kwa moyo, na wachache zaidi wanaofuatilia kama zinafanya kazi iliyokusudiwa. Lengo la somo hili ni kumwezesha kila msomaji:

(a) kufahamu kila namba hutolewa na nani na hutumika kwa shughuli gani;
(b) kuelewa namna mchango wake unavyosafiri kutoka kwenye mshahara mpaka kwenye hesabu yake;
(c) kugundua kosa mapema na kulirekebisha kabla halijawa mzigo kwake au kwa warithi wake.

Somo hili linawahusu wafanyakazi wa Serikali, wa mashirika, wa mahoteli na wa majumbani. Linawahusu vilevile wafanyabiashara, wakubwa kwa wadogo, pamoja na wakulima wa mwani, wavuvi na madereva wanaochangia kwa hiari. Linawahusu pia wake, waume na watoto wa watu hao, kwa sababu zitakazoelezwa mbele.

1. KWA NINI NAMBA, ILHALI JINA LIPO?

Katika shehia, mtu hujulikana bila ya namba. Akitajwa Juma wa fundi cherehani, kila mtu anamjua yeye, nyumba yake, mama yake na chombo anachokwenda nacho baharini. Sheha naye anamjua, na neno lake hutosha kumthibitisha.

Daftari la nchi halina macho wala kumbukumbu za aina hiyo. Hulitambua jina kama lilivyoandikwa tu. Na katika visiwa vyetu majina ni machache, watu ni wengi. Ali, Juma, Khamis, Haji, Makame, Fatma, Asha na Zuwena hurudi nyumba kwa nyumba, kwani ni desturi njema kumpa mtoto jina la babu au bibi yake. Hivyo si ajabu katika ofisi moja wakawepo watu wawili waitwao Juma Ali Khamis, wote wakweli, wote wenye vyeti halali. Likiwa jina ndilo pekee la kuwatofautisha, mchango wa mmoja unaweza kuingizwa kwa mwenziwe bila ya mtu yeyote kukusudia ubaya.

Namba imewekwa ili kuondoa tatizo hilo. Namba hairithiwi wala haifanani na ya mwingine, na haibadiliki mtu anapohama kijiji, anapobadilisha kazi au anapooa. Kwa hiyo, namba ndiyo inayouambia Mfuko kwamba jasho hili ni la mtu huyu na si la mwingine mwenye jina kama lake.

2. NAMBA ZILIZOPO NA KAZI YA KILA MOJA

Wananchi wengi huzichanganya namba hizi, wakadhani kuwa mwenye moja anazo zote. Yafaa zielezwe moja moja.

(i) Namba za utambulisho wa mtu. Mzanzibari mkaazi hupewa kitambulisho chenye namba yake. Usajili huo ulianza chini ya Sheria Namba 7 ya mwaka 2005, na sasa upo chini ya Wakala wa Usajili wa Matukio ya Kijamii ulioundwa kwa Sheria Namba 3 ya mwaka 2018. Wakala huo ndio unaosajili pia vizazi, vifo, ndoa na talaka. Mbali na hicho, ipo Namba ya Utambulisho wa Taifa itolewayo na Mamlaka ya Vitambulisho vya Taifa (NIDA). Namba hiyo ina tarakimu 20, na tarakimu 8 za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku ya kuzaliwa ya mwenye namba. Namba za kundi hili hazilipi kodi wala hazichangii kitu. Kazi yake ni kuthibitisha kuwa wewe ni wewe, na namba nyingine zote husimama juu yake.

(ii) Namba ya Utambulisho wa Mlipakodi, ijulikanayo kwa jina la TIN. Hutolewa na Mamlaka ya Mapato Tanzania (TRA), iliyoanza kazi tarehe 1 Julai 1996. Chombo hicho kinafanya kazi Unguja na Pemba pia kwa sababu kodi ya mapato na ushuru wa forodha ni mambo ya Muungano. TIN ina tarakimu 9, hutolewa bila ya malipo, na mtu mmoja hupewa moja tu. Ipo TIN ya biashara, na ipo isiyo ya biashara kwa mtu anayehitaji, kwa mfano, leseni ya udereva au usajili wa chombo cha moto.

(iii) Usajili wa Mamlaka ya Mapato Zanzibar (ZRA). Chombo hiki kilianzishwa mwaka 1996 kikiwa Bodi ya Mapato, na mwaka 2022 kikageuzwa kuwa Mamlaka. Husimamia kodi zisizo za Muungano, kama vile kodi ya ongezeko la thamani kwa biashara za ndani, kodi za mahoteli na ushuru wa stempu. Mwenye nyumba ya wageni au duka anaweza kulazimika kusajiliwa na vyombo vyote viwili. Kuwa na TIN hakumaanishi kuwa amekwisha kusajiliwa ZRA, na kinyume chake.

(iv) Namba ya uanachama wa Mfuko wa Hifadhi ya Jamii Zanzibar (ZSSF). Mfuko huu ulianzishwa kwa Sheria Namba 2 ya mwaka 1998. Wanachama wake ni wafanyakazi wa Serikali ya Mapinduzi na mashirika yake pamoja na wa sekta binafsi. Aidha, upo mpango wa hiari kwa wasiokuwa na mwajiri.

(v) Namba za mifuko ya Tanzania Bara. Mzanzibari aliyeajiriwa Dar es Salaam au kwengineko Bara huwa mwanachama wa NSSF akiwa katika sekta binafsi, au wa PSSSF akiwa katika utumishi wa umma. PSSSF iliundwa mwaka 2018 kwa kuunganisha mifuko minne: PSPF, PPF, LAPF na GEPF. Namba ya ZSSF si namba ya NSSF. Aliyefanya kazi pande zote mbili za bahari anapaswa kuzitunza namba zake zote, kila moja pamoja na tarehe za kuanza na kumaliza kazi husika.

3. SAFARI YA MCHANGO

Mfanyakazi huona kwenye karatasi ya mshahara kwamba amekatwa, akaamini kuwa jambo limekwisha. Kwa hakika, makato ni hatua ya kwanza tu kati ya nne.

Kwanza, mwajiri humkata mfanyakazi sehemu yake. Pili, mwajiri huongeza sehemu yake mwenyewe kwa kiwango kilichowekwa na sheria. Tatu, fedha hizo hupelekwa kwenye Mfuko pamoja na orodha inayoonyesha jina la kila mfanyakazi, namba yake ya uanachama na kiasi chake. Nne, Mfuko huisoma orodha hiyo na kuingiza kila kiasi katika hesabu ya mwenye namba.

Kosa linaweza kutokea katika hatua yoyote. Mwajiri anaweza kukata asipeleke. Hilo ni kosa la kisheria, na watu wengi wanalijua. Lisilojulikana sana ni kosa la kimya kimya: mwajiri amekata, ameongeza na amepeleka, lakini orodha imeandikwa namba isiyo sahihi. Fedha zimefika ila mwenyewe hajulikani. Mfuko hauwezi kuzigawa kwa kubahatisha, na hivyo hubaki zikisubiri mwenyewe. Asipojitokeza mtu kuuliza, zitaendelea kusubiri.

Tuchukue mfano wa mpishi wa hoteli katika mwambao wa kaskazini. Mfano huu ni wa kufundishia tu. Hoteli imeajiri karani mpya, na katika kunakili orodha, karani huyo ameandika 65 mahali palipopaswa kuwa 56. Orodha ya mwezi wa kwanza hunakiliwa mwezi wa pili, na ya mwezi wa pili hunakiliwa wa tatu, na kosa likanakiliwa pamoja nayo kwa muda wa miezi 14. Tuseme, kwa ajili ya hesabu, kwamba michango ya pande zote mbili ni shilingi 80,000 kwa mwezi. Kwa miezi 14 ni shilingi 1,120,000 ambazo hazionekani katika hesabu ya mpishi.

Hasara ya fedha si yote. Pensheni hupimwa pia kwa idadi ya miezi. Kwa mfano, katika NSSF na PSSSF sheria inataka mwanachama awe amechangia si chini ya miezi 180, yaani miaka 15, ndipo alipwe pensheni ya kila mwezi. Mtu aliyefanya kazi miezi 180 kamili, akapotewa na 14, kwa daftari ana miezi 166 tu. Ametimiza wajibu wake wote, lakini daftari linasema hakutimiza.

Laiti mpishi huyo angelitazama taarifa yake ya michango katika mwezi wa pili, dawa ingelikuwa barua moja ya mwajiri. Akiigundua baada ya miaka 20, hoteli imekwisha kubadilisha wenyewe, karani amehama na majalada yameliwa na mchwa. Kosa ni lile lile, ila ushahidi umeondoka.

4. JINA MOJA, MAANDISHI MAMOJA

Ingawa namba ndiyo msingi, jina bado hutumika kuithibitisha namba. Na hapa ndipo penye matatizo mengi zaidi kwa watu wa visiwa hivi, kwa sababu majina yetu yameandikwa kwa namna tofauti na watu tofauti. Mwalimu wa skuli aliandika Khamis, karani wa hospitali akaandika Hamis, na afisa wa Bara akaandika Hamisi. Vivyo hivyo Ali na Ally, Mohamed na Muhammad, Fatma na Fatuma, Mwanakhamis na Mwanahamisi. Kwa sikio ni jina moja, lakini kwa kompyuta ni watu mbalimbali.

Yafaa pia ikumbukwe kwamba majina yetu ni ya mnyororo. Jina la pili la mtu ni jina la baba yake, na la tatu ni la babu yake. Hatuna jina la ukoo linalobaki lile lile kwa vizazi vyote katika maandishi, na mwanamke anapoolewa habadilishi jina la baba yake. Kutokana na utaratibu huo, yapo mambo mawili ambayo wengi hawajayatafakari.

La kwanza: jina la baba likiandikwa Khamis katika daftari la Mfuko, na Hamisi katika cheti cha kuzaliwa cha mwanawe, mtoto huyo hafungamani na baba yake kwa maandishi. Siku ya kudai haki ya mayatima, herufi moja itataka hati ya kiapo na mashahidi. Kwa hiyo, mzazi anaposahihisha jina lake asahihishe la kwake na pia atazame vyeti vya wanawe.

La pili: jina la mke halionyeshi popote kwamba yeye ni mke wa fulani. Kinachomfungamanisha na mumewe ni cheti cha ndoa peke yake. Ndoa nyingi za zamani zilifungwa mbele ya mashahidi bila ya cheti kutunzwa. Mashahidi hao wengine wamefariki na wengine wamehama. Mume anayemtakia mema mkewe aihakikishe hati hiyo wakati wote wawili wangali hai.

Lakabu nazo ziachwe mlangoni pa ofisi. Mtu ajulikanaye kijijini kwa jina la utani, au kwa jina la Baba fulani na Mama fulani, asijiandikishe kwalo hata kama mwajiri amelizoea.

5. TAREHE YA KUZALIWA

Wazee wetu wengi walizaliwa bila ya cheti. Tarehe yao ilihesabiwa kwa matukio: mwaka wa Mapinduzi, msimu wa karafuu nyingi, masika yaliyoangusha nyumba. Walipotakiwa kutaja tarehe, mmoja alitaja hii katika ofisi moja, na nyingine katika ofisi ya pili, si kwa udanganyifu bali kwa kutokuwa na hakika.

Tofauti ya namna hiyo huleta mzozo unapowadia umri wa kustaafu, ambao kwa kawaida ni miaka 60 kwa lazima na 55 kwa hiari. Hata asiyepata kuajiriwa inamhusu. Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar ilianza kulipa Pensheni Jamii mwezi wa Aprili 2016 kwa wazee waliotimiza umri wa miaka 70, ikianzia shilingi 20,000 kwa mwezi, bila ya kujali kama mzee alichangia mfuko wowote. Kwa mzee wa namna hiyo, mwaka wa kuzaliwa uliomo katika kitambulisho ndio unaoamua lini aanze kupokea.

Kwa hiyo chagueni hati moja iliyo sahihi, ikiwezekana cheti cha kuzaliwa, na hati nyingine zote zifuatishwe hiyo. Ieleweke kwamba kupunguza umri kwa makusudi ili kubaki kazini ni kosa, na mara nyingi humrudia mwenyewe wakati wa kudai mafao.

6. MTU MMOJA, NAMBA MOJA

Baadhi ya wananchi hudhani kuwa na namba mbili ni akiba. Sivyo. Kijana aliyechukua TIN kwa ajili ya leseni ya udereva, kisha akafungua duka, hahitaji TIN ya pili. Anatakiwa aende na ile ile ibadilishwe kuwa ya biashara. Akichukua ya pili, kumbukumbu zake zitagawanyika, na ofisi itamwona mmoja kama watu wawili.

Kosa jingine ni kuifunga biashara bila ya kutoa taarifa. Kwa macho ya Mamlaka, biashara ambayo haikuarifiwa kufungwa bado ipo wazi, hivyo wajibu wa kuwasilisha ritani unaendelea na adhabu za kuchelewa zinaweza kuongezeka. Mwananchi anaweza kushtukia deni la duka ambalo lilikwisha kuwa banda la kuku. Barua ya kufunga biashara iandikwe mara tu inapofungwa, na nakala yake yenye muhuri itunzwe.

Kosa la tatu, nalo ni la hatari zaidi, ni kuazima namba. Mtu humpa rafiki au jamaa TIN yake ili aingizie gari bandarini au afungulie akaunti. Anaona ni ihsani. Lakini kila kilichoingizwa kwa namba hiyo kimeandikwa kuwa ni chake, na kodi ikidaiwa, ataitwa yeye.

Upo mfano mashuhuri wa Marekani. Huko namba za hifadhi ya jamii zilianza kutolewa mwaka 1936. Mwaka 1938 kiwanda kimoja cha pochi katika mji wa Lockport, jimbo la New York, kilitia ndani ya kila pochi kadi ya mfano ili wanunuzi waone jinsi inavyoenea. Kadi hiyo ilipigwa chapa namba ya kweli ya katibu muhtasi wa kiwanda hicho. Ingawa kadi iliandikwa kuwa ni ya mfano tu, wanunuzi wengi waliichukulia namba ile kuwa ni yao. Mwaka 1943 walikuwapo watu 5,755 waliokuwa wakiitumia. Kwa jumla ya miaka yote, watu zaidi ya 40,000 waliitaja kuwa ni namba yao, na hata mwaka 1977 walipatikana 12 waliokuwa bado wakiitumia. Namba ikafutwa, na katibu yule akapewa nyingine. Watu wale hawakuwa wezi. Walikuwa watu wa kawaida ambao hawakuelewa kwamba namba ni ya mtu mmoja tu, na usumbufu wake ukadumu kwa muda wa kizazi kizima.

7. MAMBO YA KUFANYA KILA MWAKA

Wananchi wanashauriwa watenge siku moja kila mwaka kwa ajili ya kazi hii. Wengine wanaweza kuiweka katika mwezi wa Julai, mwaka mpya wa fedha unapoanza. Siku hiyo mtu afanye yafuatayo:

(i) Aombe taarifa ya michango kutoka Mfuko wake, na ailinganishe mwezi kwa mwezi na karatasi zake za mshahara.

(ii) Ahesabu miezi, sio fedha tu. Mwaka una miezi 12. Ikionekana 11, aulize uliokosekana umekwenda wapi.

(iii) Atazame kama jina na tarehe ya kuzaliwa katika taarifa hiyo vinalingana, herufi kwa herufi, na kitambulisho chake.

(iv) Atazame kama namba ya simu iliyoandikwa bado ni yake. Aliyepoteza laini bila ya kuwaarifu wahusika huenda taarifa zake zikasomwa na mtu mwingine.

(v) Atazame majina ya mke au mume na ya watoto aliowaandikisha. Mtoto aliyezaliwa tangu taarifa ya mwisho aongezwe, na aliyeachika au kufariki habari zake zisahihishwe.

(vi) Mwenye biashara ahakikishe kwamba anwani na aina ya biashara iliyoandikwa katika TIN yake ndiyo anayoifanya hivi sasa.

(vii) Anayechangia kwa hiari atunze risiti zote kwa mpangilio wa tarehe. Mkulima wa mwani au mvuvi hana karatasi ya mshahara wala orodha ya mwajiri, hivyo risiti ndiyo shahidi wake pekee.

Namba zote ziandikwe katika daftari moja la nyumbani, pamoja na majina ya waajiri wote aliowafanyia kazi na tarehe za kuanza na kumaliza. Daftari hilo liwekwe mahali palipo salama, na mtu mmoja mwaminifu wa nyumbani aambiwe lilipo.

8. KOSA LIKIONEKANA

Kosa likionekana, mwananchi asikae nalo kwa kuona haya au kwa kuogopa mlolongo wa ofisi. Aanze kwa mwajiri ikiwa kosa ni la michango, kwani mwajiri ndiye aliyetayarisha orodha. Aombe kwa adabu barua ya marekebisho inayotaja miezi iliyokosewa, kiasi cha kila mwezi, namba iliyoandikwa kwa makosa na namba iliyo sahihi. Barua hiyo ipelekwe Mfuko pamoja na nakala za karatasi za mshahara wa miezi hiyo.

Ikiwa kosa ni la jina au tarehe, lirekebishwe kuanzia shina. Kwanza cheti cha kuzaliwa na kitambulisho, kisha TIN, mwisho uanachama wa Mfuko. Wengi huanza mwisho, wakasahihisha kwenye Mfuko peke yake, na baada ya muda mfupi tofauti ikajitokeza upya kwa sababu shina halikuguswa.

Katika kila ofisi mwananchi aombe nakala ya barua yake ipigwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Neno la mdomoni, hata likisemwa na afisa mwema, huondoka naye anapohamishwa.

9. MWENYE NAMBA ANAPOFARIKI

Msiba unapotokea, familia hushughulika na maziko, na ndivyo inavyopasa. Baada ya siku chache huja haja ya chakula, ada za skuli na kodi ya nyumba. Hapo ndipo mjane anapouliza: marehemu alikuwa na namba gani? Ikiwa hakuna ajuaye, mjane ataanza kuzunguka ofisini na jina la Juma Ali Khamis, jina ambalo kama tulivyoona, wanalo wengi.

Ikiwa daftari lipo, mambo huwa mepesi. Namba ya uanachama, cheti cha kifo, cheti cha ndoa, vyeti vya kuzaliwa vya watoto na hati ya msimamizi wa mirathi huwekwa pamoja, na kila jina linathibitisha jingine. Aidha, ikiwa marehemu alikuwa na biashara, warithi watoe taarifa kwa Mamlaka za Mapato ili wajibu wa TIN yake usiendelee kuhesabiwa.

10. TAHADHARI

Namba zote hizi hutolewa kwa ajili ya mwananchi mwenyewe. Asizitaje kwa mtu asiyemjua anayepiga simu akidai kuwa ni afisa, wala asitume fedha kwa simu ili eti mafao yake yaharakishwe. Mtu akipokea simu ya namna hiyo, akate, kisha aende mwenyewe katika ofisi husika. Aidha, asimpe mtu wa kati fedha ili amtolee TIN. Kitu kinachotolewa bure hakina sababu ya kununuliwa njiani.

MUHTASARI

Namba ni yako peke yako na wewe uwe nayo moja. Makato si mchango mpaka yaonekane katika hesabu yako. Jina liandikwe kwa namna moja kila mahali, la baba na la mwana. Kosa lirekebishwe wakati mwajiri, karani na karatasi bado wapo. Na wa nyumbani wajue daftari lilipo.

MASWALI YA KUJIPIMA

1. Je, unaijua namba yako ya uanachama wa hifadhi ya jamii bila ya kutazama kadi?
2. Katika mwaka uliopita, michango yako imeonekana kwa miezi mingapi?
3. Jina la baba katika cheti cha mwanao limeandikwa sawasawa na lilivyo katika kitambulisho chako?
4. Ipo biashara uliyoiacha ambayo bado ipo wazi kwa TIN yako?
5. Lau ungelikuwa safarini leo, nani nyumbani kwako angejua lilipo daftari la namba zako?

Msomaji ambaye jibu la swali lolote hana, asingoje toleo lijalo. Achukue kitambulisho chake na karatasi zake za mshahara, afike ofisi ya Mfuko wake au ya Mamlaka ya Mapato iliyo karibu naye, Unguja au Pemba, na aombe kuonyeshwa kilichoandikwa juu yake. Kuonyeshwa ni haki yake.